Dairekta Ngumbao na Nywele za Shangazi Yake

Kabla hajawa Dairekta, Ngumbao alikuwa mpiga video za harusi, na hata hizo alizipiga ovyo. Shangazi yake, Kahonzi, anaikumbuka harusi moja ya kijiji cha Ganda ambayo bibi harusi hakuonekana uso tangu mwanzo hadi mwisho. Alionekana mgongo wake, kisha sinia za pilau, kisha mbuzi wa jirani kwa muda mrefu usio na maelezo. Wazazi walipokuja juu, Ngumbao aliwajibu kwamba hiyo ndiyo sanaa, ni vile tu wao hawajaizoea. Kahonzi alikuwapo. Aliona haya kwa niaba ya ukoo mzima, akajifunga leso kiunoni akaenda kusaidia kuosha sahani.

Mtu mwingine angeiweka kamera chini akashika jembe. Ngumbao alikodi chumba nyuma ya duka la kutengeneza simu, mtaa wa Maweni pale Malindi, akaandika mlangoni kwa rangi ya mafuta: NGUMBAO FILAMU ZA KIMATAIFA. Huo ukimataifa wenyewe ulikuwa meza moja, kompyuta kuukuu iliyokoroma, koti la ngozi alilolivaa hata mwezi wa Februari, na blanketi la kijivu.

Filamu yake ya kwanza ilikuwa ya majambazi. Bunduki zilikuwa za mbao, na moja ilivunjika katikati ya mapambano lakini Ngumbao hakuona haja ya kurudia. Ya pili ilikuwa ya mapenzi, na hata waliocheza ndani yake hawakuitazama hadi mwisho. Ndipo alipogundua siri ambayo kila mtu asiye na kipawa huigundua mapema au baadaye: watu wakipewa damu ya kutosha, wasichana wenye leso zilizolowa, na mchawi, hawaulizi habari ya hadithi. Akatunga *Jiko la Ajuza*. Kutunga ni neno kubwa. Aliandika mistari kumi nyuma ya kalenda, akapanda bodaboda hadi Jilore kumtafuta shangazi yake.

Kahonzi ni mjane wa Masha. Anaishi Jilore kwenye shamba aliloachiwa na mumewe, shamba zuri la upande wa mtoni ambako mahindi hayakauki hata mvua ikichelewa, pamoja na mkaza mwanawe, Linet. Kila asubuhi hukaanga mahamri na kuyauza kwenye njia panda karibu na shule. Ngumbao alifiwa na mama yake angali mdogo, na ni Kahonzi aliyembeba mgongoni miaka miwili. Kwa hiyo alipokuja na koti lake akasema, "Shikamoo shangazi, nataka uwe nyota," Kahonzi alicheka mpaka akakaa chini.

"Marahaba. Nyota wa nini, mwanangu?"

"Mchawi. Anakula watu."

"Na meno haya manne?"

"Meno si kitu. Ninachotaka ni nywele." Ngumbao alimzunguka akimtazama kama anayenunua ng'ombe. "Ila uache kupaka piko. Ziachie ziwe nyeupe kabisa."

Hapo Kahonzi aliacha kucheka. Huko kwao wazee wanapaka piko, ile rangi nyeusi ambayo wasichana huchorea mikono siku za harusi. Hawaipaki kwa urembo. Kuna wazee waliokwisha kukatwa mapanga kwa sababu walikuwa na nywele nyeupe, macho mekundu na shamba zuri, hasa shamba zuri. Mzee mwenye akili huko haringi na mvi zake. Kahonzi alimweleza hayo mtoto wa kaka yake, naye akapuliza hewa kwa dharau, akasema hizo ni fikra za kale, kwamba sasa ni zama za filamu, na kwamba mtu akishaonekana kwenye skrini hakuna anayeweza kumgusa. Kahonzi hakumwamini, lakini alimpenda. Akaacha piko.

Kazi yenyewe ilimfurahisha, hilo halikatai. Damu ilikuwa shira nyekundu ya mabuyu, ile ile wanayotia watoto midomoni wakienda shule, na utamu wake ulimfanya ajilambe bila kuambiwa. Nyama ya watu ilikuwa muhogo wa kuchemsha. Siafu walikuja kwa wingi kuliko waigizaji. Maiti alikuwa fundi baiskeli mmoja aliyekataa kuvua saa yake ya mkononi, basi ikaonekana hivyo hivyo, maiti wa karne iliyopita mwenye saa inayowaka taa. Kila Ngumbao alipopiga kelele "Akshen!" ng'ombe walilia, bodaboda zikapita, na Kahonzi akaangua kicheko katikati ya kumla mtu.

Kwa sababu hiyo Ngumbao alifuta sauti zote, akaziweka upya yeye mwenyewe. Kipaza sauti cha maana hakuwa nacho, wala hakutaka kugawana sifa na mtu. Alijifunika lile blanketi la kijivu, yeye na simu yake, akatoka jasho humo ndani na kugeuka mchawi, kisha chifu, kisha bibi harusi, kisha mtoto mchanga. Ile sauti ya mchawi aliitoa chini kabisa ya kifua, nzito, yenye mikwaruzo, na maneno yake yalikuwa yale yale katika kila sehemu: "Mmoja nimemla, wa pili yuko jikoni!" Kahonzi alipoisikia mara ya kwanza ikitoka kinywani mwake kwenye kibanda cha video, alishika mbavu. Sauti yake yeye ni nyembamba, ya kuita kuku.

Na kwa vile Ngumbao aliona watu hawatoki nyumbani kwao kwa ajili ya muhogo na mabuyu, alianzisha hila nyingine. Kila filamu ilifunguka kwa maandishi mekundu: HII SI FILAMU. NI TUKIO LA KWELI LILILOREKODIWA KWA SIRI. Alipoitwa redioni akaulizwa kama ni kweli, alishusha pumzi ndefu, akasema, "Mimi situngi. Mimi narekodi." Alilipenda jibu hilo kiasi cha kulichapisha kwenye kadi zake.

Zilitoka sehemu kumi na moja kwa miaka kumi. Kumi na moja! Hakuna hata moja iliyokuwa bora kuliko iliyotangulia, jambo ambalo si rahisi kulifanya hata mtu akikusudia. Lakini bahati haina macho ya kuchagua. Wanafunzi wa chuo huko Nairobi walizipata, wakaanza kuzitazama kwa makundi, wakazikariri. Kijana mmoja aitwaye Cliff akafungua ukurasa wa mashabiki mtandaoni, wakafika maelfu. Wakachapisha fulana zenye uso wa Kahonzi, nywele nyeupe zimetapakaa, mdomo mwekundu, na chini yake yale maneno ya jikoni. Ngumbao aliposikia hivyo alivimba kichwa. Akaanza kujiita mtaalamu wa hofu. Alitembea Maweni huku akijitazama kwenye vioo vya magari ya watu.

Hakujiuliza hata siku moja kwa nini katika video walizomtumia kutoka Nairobi, watu waliokuwa wakitazama filamu ya kutisha walikuwa wakicheka.

Jilore hakuna aliyecheka. Mwezi wa Machi alifariki mtoto wa shemeji yake Kahonzi, mwanamume wa makamo aliyekuwa na kisukari na asiyekubali kuambiwa ana kisukari. Aliacha mdogo wake, Dena. Huyu Dena alikuwa amekwisha kumwambia Kahonzi mara tatu kwamba mwanamke aliyefiwa na mume hana haja ya shamba kubwa hivyo, na mara tatu alikuwa amejibiwa aende akalale. Baada ya mazishi mguu wake ukaanza kuvimba. Siku moja kwenye mangwe, pale wanaume wanapokunywa mnazi, mtu akamwonyesha kipande cha filamu kwenye simu. Dena alikitazama mara ya kwanza kwa mshangao. Mara ya pili alikitazama kwa hesabu.

"Sikilizeni wenyewe," alisema akipandisha sauti ya simu. "Mmoja nimemla. Ni nani huyo kama si kaka yangu? Wa pili yuko jikoni. Wa pili ni nani? Tazameni mguu huu!"

Wakautazama mguu. Wakatazama maandishi mekundu yaliyosema ni tukio la kweli.

Wiki hiyo Kahonzi aliuza mahamri kumi. Wiki iliyofuata hakuuza hata moja. Watoto wa shule walipita ng'ambo ya pili ya barabara, na mwanamke aliyekuwa akisuka naye ukili kila Jumamosi alimwambia ana shughuli. Halafu asubuhi moja Linet alifungua mlango akakuta umechorwa panga kwa makaa, panga kubwa lenye mpini na kila kitu. Kila mtu wa huko anajua maana yake. Linet alilifuta kwa kitambaa cha maji. Kahonzi alikaa kwenye kigoda akamwangalia, na kwa mara ya kwanza tangu afiwe na Masha aliogopa nyumba yake mwenyewe.

Habari zilimfikia chifu, mtu asiyependa maiti kwenye eneo lake. Akaitisha baraza siku ya Alhamisi saa nne, uwanja wa shule. Alimwambia Kahonzi waziwazi: "Mama, mimi najua huo ni upuuzi. Lakini nikisema mimi, watasema umenipa kitu. Mlete huyo aliyetengeneza. Aseme mbele ya watu kwamba ni mchezo, basi, yamekwisha."

Kulikuwa na haja ya sentensi moja tu. Kahonzi akaenda Malindi kuifuata.

Alimkuta Ngumbao chumbani pamoja na Cliff, ambaye alikuwa amesafiri kutoka Nairobi kupanga sherehe ya miaka kumi ya *Jiko la Ajuza*. Kungekuwa na ukumbi, skrini kubwa, na Ngumbao angeketi mbele kama mgeni wa heshima. Cliff alipomwona Kahonzi aliruka, akamshika mkono kwa mikono miwili, akaomba picha. Alikuwa amevaa uso wake kifuani. Kahonzi aliitazama ile fulana, akajiona anavyoonekana na wenzake wa Jilore, akaelewa kwa nini watoto wanavuka barabara.

Ngumbao alimtoa shangazi yake nje, wakasimama ukutani karibu na jenereta la fundi simu. Kahonzi akamweleza yote: kifo, mguu, panga la makaa, baraza.

"Nataka useme kwamba ni mchezo," alimaliza. "Sentensi moja."

Ngumbao alijikuna shingo. "Shangazi, unajua si rahisi hivyo."

"Ugumu uko wapi?"

"Jina langu lote limesimama juu ya hilo. Watu wananiheshimu kwa sababu ni kweli. Nikisimama mbele ya watu nikasema ni muhogo na mabuyu, huyu kijana atasikia, Nairobi itasikia. Nitakuwa nani?"

"Utakuwa Ngumbao."

Jibu hilo, kwa uso alioufanya, lilimchukiza kuliko tusi. Mtu mzima wa miaka arobaini na moja, mwenye koti, aliona kwamba kuwa Ngumbao ni adhabu.

"Nitakuja," alisema mwishowe.

"Utasema?"

"Nitakuja, shangazi. Si nimeshasema nitakuja?"

Kahonzi alirudi Jilore na hilo neno moja, akalishikilia kwa siku mbili. Linet alimshauri apake piko kabla ya baraza, naye akakataa. Alisema akienda na nywele nyeusi leo watasema anaficha. Alichukua tu chupa ndogo ya shira ya mabuyu, akaifunga kwenye pindo la leso.

Alhamisi uwanja ulijaa. Watu ambao hawaji barazani hata kwa habari za mbegu za bure walikuja. Dena alikaa mbele, mguu wake ameunyoosha juu ya kiti kingine ili kila mtu auone, na alikuwa ameazima spika ya kanisa. Chifu alipomruhusu alicheza kile kipande. Sauti ya blanketi ilinguruma juu ya uwanja mzima: mmoja nimemla, wa pili yuko jikoni. Mwanamke mmoja alimvuta mtoto wake mapajani.

"Mama Kahonzi," chifu aliuliza, "huyu ni wewe?"

"Uso ni wangu. Sauti si yangu."

"Ni ya nani?"

"Ya mtoto wa kaka yangu, aliyetengeneza. Na damu ni hii hapa, ni mabuyu." Akaanza kufungua pindo la leso.

"Asifungue kitu!" Dena alipiga kelele. "Msimwache afungue kitu hapa!" Na watu wa safu ya mbele wakasogea nyuma kwa pamoja, wanaume wazima na ndevu zao. Chifu akamwomba Kahonzi aiache chupa kwanza.

Ngumbao alifika saa nne na dakika arobaini, yeye na Cliff juu ya bodaboda moja. Kahonzi alipoliona lile koti alivuta pumzi. Kisha akamwona akishusha kamera, akifungua stendi yake ya miguu mitatu, akiisimamisha pembeni mwa uwanja na kuielekeza kwa watu. Mtu anakuja kumwokoa shangazi yake na panga, na jambo la kwanza analofanya ni kutafuta pembe nzuri ya mwanga.

Chifu alimwita mbele. "Bwana Ngumbao, swali ni moja na sitaki hotuba. Hii ni filamu ya kuigiza, au ni kitu cha kweli?"

Ngumbao alitazama watu. Alimtazama Cliff, aliyekuwa amesimama karibu na kamera na fulana yake. Hakumtazama Kahonzi. Alishusha ile pumzi yake ndefu ya redioni.

"Mheshimiwa chifu, kazi yangu ina siri zake. Mimi situngi," akasema. "Mimi narekodi."

Uwanja ulivuma. Kahonzi hakusikia waliyokuwa wakiyasema. Alikuwa akimtazama yule mtoto aliyembeba mgongoni, na kilichomuuma hakikuwa panga. Aliendelea kumtazama huku midomo imefunguka kidogo, akiamini kwamba sentensi haijaisha, kwamba iko nyingine inayokuja nyuma yake. Haikuja.

Aliyecheka ni Cliff. Alidhani ni mchezo mwingine, kwamba Dairekta ameandaa kitu kwa ajili ya sherehe. Kisha akaona kijana mmoja ameinuka na fimbo, akamwona Linet analia, kicheko kikamkauka.

"Ngojeni, samahani," alisema kwa Kiswahili chake cha Nairobi. "Kwani kuna mtu hapa anaamini hii kitu?"

Watu wakamgeukia.

"Mimi ndiyo naendesha ukurasa wa mashabiki. Hakuna mtu hata mmoja anaamini. Sisi huangalia juu ya vile ni mbaya! Maiti ako na saa ya mkono. Ile damu, nzi wanaikalia mpaka mchawi anawafukuza. Kuna pahali bibi harusi anaongea na sauti ya mwanaume. Sisi hucheka mpaka tunalia. Ndiyo maana tunampenda."

Ngumbao aligeuka polepole. "Mbaya?"

"Lakini ubaya mzuri, Dairekta! Hakuna mtu anaweza tengeneza mbaya hivyo na aendelee miaka kumi!"

Hapo ndipo mtu yule alipoumia. Alikuwa amevumilia vizuri tu shangazi yake kuchorewa panga mlangoni, lakini kuchekwa Nairobi kulimtoa machozi ya hasira. Miaka kumi alikuwa amelilinda jina, na asubuhi ile alikuwa amemtoa Kahonzi sadaka kwa ajili yake, na jina lenyewe halikuwapo.

"Bibi harusi na sauti ya mwanaume?" alisema akimwendea Cliff. "Unajua kazi ya sauti wewe? Unajua ile sauti ya mchawi inatoka wapi? Unadhani mtu yeyote anaweza?" Akavua koti, akalitupa chini, akapanua miguu, akajaza kifua. "MMOJA NIMEMLA, WA PILI YUKO JIKONI!"

Ilitoka bila spika na ilinguruma kuliko spika. Ilikuwa ile ile, mikwaruzo yote, pumzi zote. Kunguru waliruka kwenye paa la darasa. Kwa kuwa hakuna aliyepiga makofi, Ngumbao akairudia, kwa bidii zaidi, mishipa ya shingo imemtoka.

Kisha akaona nyuso.

"Kumbe ni huyu," mzee mmoja alisema taratibu, akivuta kiti chake nyuma.

"Sauti ni yake," mwingine akaitikia. "Mama wa watu alikuwa anatumiwa tu."

Yule kijana wa fimbo alikuwa bado amesimama, ila sasa fimbo ilikuwa imemgeukia mwingine, na kijana wa pili alikuwa ameinama kuokota jiwe. Dena mwenyewe, aliyekuja kutafuta shamba, alimtazama Ngumbao kwa hofu ya kweli na kuushusha mguu wake kutoka kitini. Ngumbao alianza kusema ni uongo, ni mchezo, ni blanketi, ni blanketi tu, lakini meno yaligongana na hakuna aliyeelewa habari ya blanketi. Akarudi kinyumenyume mpaka akamfikia Kahonzi. Akajibanza nyuma ya kiti chake.

"Shangazi," alisema, "waambie! Shangazi, wewe waambie!"

Sitamsingizia Kahonzi utakatifu. Alinyamaza, na aliujua urefu wa kunyamaza kwake. Alijua kwamba akiendelea kukaa kimya ataondoka hapo mtu huru, mahamri yake yatanunuliwa, na mlango wake hautachorwa tena. Alisikia pumzi za yule mtu mzima nyuma ya shingo yake. Zamani alipokuwa akimbeba alikuwa akipumua vivyo hivyo, usingizini.

Akasimama. Akafungua pindo la leso na safari hii hakuomba ruhusa. Akafungua chupa, akatia kidole, akajilamba.

"Ni shira ya mabuyu," alisema kwa sauti yake ya kuita kuku. "Aliyekula mabuyu hapa na aje aonje. Na huyu ni mtoto wa kaka yangu. Hana uchawi. Hawezi hata kuchinja kuku. Sikukuu zote nachinja mimi. Alijifunika blanketi akanguruma kwenye simu, kwa sababu hana akili nyingine. Ni mchezo. Nyama ni muhogo. Ni mchezo tangu mwanzo mpaka mwisho."

Chifu alikuwa wa kwanza kuonja. Akaipitisha chupa. Ilipofika kwa yule mwanamke aliyemvuta mtoto wake mapajani, alionja, akatazama chini, akasema hii hata haikutiwa iliki. Mtu akacheka, kisha wengine, na kijana wa pili akaliachia jiwe. Chifu alimwambia Dena mbele ya wote aende zahanati akapimwe sukari kabla hajapoteza huo mguu, na kwamba panga lingine likichorwa mlangoni kwa Kahonzi, polisi wataanza kuuliza nyumbani kwake. Ngumbao alitakiwa aseme mwenyewe kwa kinywa chake. Akasema. Sasa ilikuwa rahisi.

Ungetarajia aibu, sivyo? Kamera ilikuwa imewaka muda wote ule. Baada ya miezi miwili ikatoka *Jiko la Ajuza* sehemu ya kumi na mbili, baraza zima kama lilivyokuwa, isipokuwa ile sehemu aliyojibanza nyuma ya kiti aliifupisha. Mwanzoni aliweka maandishi yake mekundu kwamba ni tukio la kweli. Ilikuwa mara ya kwanza katika maisha yake kwamba hakusema uongo, na Nairobi hakuna aliyemwamini. Waliijaza ile sherehe. Walisema ndiyo filamu yake bora, na kwamba yule bibi, pale Dairekta anaposema "mimi narekodi", ana macho ambayo hawajawahi kuyaona kwa mwigizaji yeyote. Wakachapisha fulana mpya ya macho hayo.

Ngumbao alimletea Kahonzi moja. Alimkuta uani, ameketi kwenye kigoda, Linet anampaka piko. Mahamri yananunuliwa tena siku hizi, na yule mwenzake wa ukili amerudi, lakini mke wa Dena akinunua huyatupa akishapita kona, na Kahonzi amemwona. Kwa hiyo kila wiki ya tatu hupaka piko, na hataacha tena.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba."

Akaikunjua fulana, akaielekeza kwake. "Watu wananiuliza kila siku," alisema akitabasamu. "Hapa ulikuwa unawaza nini? Maana mimi sikukuelekeza."

Kahonzi aliyatazama macho yake kwenye kile kitambaa kwa muda.

"Nilikuwa nakungoja useme," alijibu.

Ngumbao alisimama na fulana mkononi. Piko ilikuwa imeanza kuchuruzika shingoni, na Linet alikuwa akitafuta kitu cha kufutia. Linet akaichukua ile fulana mkononi mwa Ngumbao, akafuta nayo.